Babu Alikuwa Divisheni Gani? Mwongozo Kamili wa Kumtafuta Askari wa Keya Katika Jeshi la 1939–1945

Kosa ni lilelile kila mara. Mtu ana picha ya babu aliyevaa kofia pana iliyokunjwa upande mmoja. Amesikia nyumbani kwamba mzee alipigana Burma (Myanmar ya leo), na amesoma mahali kwamba Waafrika Mashariki waliopigana Burma walikuwa Divisheni ya 11. Anaanza kuitafuta Divisheni ya 11. Anaikuta Addis Ababa mwaka 1941. Anaendelea, anakuta imevunjwa Julai mwaka huohuo. Anageuza ukurasa, anaikuta tena iko hai msituni Burma mwaka 1944. Hapo anafunga kitabu na kusema ama kitabu kinadanganya au babu alidanganya.

Hakuna aliyedanganya. Aliyekosea ni mtafutaji, kwa sababu ameanzia juu. Babu hakuandikishwa na divisheni. Aliandikishwa, akapewa namba na kutiwa kwenye batalioni. Batalioni ilikabidhiwa brigedi, brigedi ikakabidhiwa divisheni, na makabidhiano hayo yalibadilika kila vita ilipogeuka. Ukishaijua batalioni na mwaka, divisheni inajitokeza yenyewe. Ukianza na divisheni utazunguka mpaka uchoke.

Mwongozo huu unahusu jeshi la Waingereza la Afrika Mashariki katika Vita ya Pili ya Dunia: King's African Rifles, yaani KAR, ambayo wazee wetu waliiita Keya, pamoja na vikosi vilivyoisaidia.

## Unachohitaji kabla ya kuanza

- Daftari na penseli. Usitumie kalamu ya wino, maana utafuta mara nyingi.
- Kila kitu cha babu kilichobaki: nishani, vipande vya utepe, beji za kitambaa, cheti cha kuachishwa jeshi, picha. Tazama na mgongo wa picha.
- Majina yote aliyowahi kuitwa: la kuzaliwa, la dini, la baba yake, la ukoo, na lile la jeshini kama lilikuwa tofauti.
- Kijiji na wilaya alikoandikishwa. Hapo si lazima pawe alikozaliwa.
- Mtu mzima mmoja anayekumbuka hadithi zake. Bibi ni bora kuliko mjomba: wajomba huongeza chumvi.
- Simu au kompyuta yenye intaneti.

Onyo moja mapema: usisugue nishani. Najua mkono unawasha kuchukua majivu na limau. Acha. Unapangusa vumbi kwa kitambaa kikavu, basi. Utepe wenye rangi zilizofifia bado unasomeka, ila ukiulowesha rangi zinaingiliana na huo ndio mwisho wa ushahidi wako.

## Hatua ya 1: Chora ngazi

Chukua ukurasa mzima wa daftari na uchore ngazi, kuanzia chini kwenda juu.

Seksheni. Watu kama 10 chini ya koplo. Hawa ndio babu aliokula nao.

Platuni. Seksheni tatu pamoja na wakubwa wake, watu zaidi ya 30 kidogo.

Kombania. Platuni tatu, watu 120 hivi. Huitwa kwa herufi: A, B, C, D. Mzee akikwambia "mimi nilikuwa kombania ya B", ameshakupa kitu kikubwa. Kiandike.

Batalioni. Kombania nne za bunduki na moja ya makao makuu, watu takriban 800 chini ya luteni kanali. Hapa ndipo penye namba unayoitafuta.

Brigedi. Batalioni tatu chini ya brigedia.

Divisheni. Brigedi tatu na vikosi vyake vya msaada, chini ya meja jenerali.

Utaona tatu inajirudia karibu kila ngazi. Sababu yake ni ya vitendo: wawili wanakuwa mbele, mmoja nyuma akiwa akiba. Mbele kukilemewa kuna wa kumtuma, na wa mbele wakichoka kuna wa kuwapokea. Ukilishika hilo, ngazi nzima inakaa kichwani bila kukariri.

Sasa fanya hesabu ndogo. Brigedi tatu zenye batalioni tatu kila moja ni batalioni tisa. Tisa mara 800 ni 7,200. Lakini divisheni ya miguu ya Kiingereza, kwa mpango wa makaratasi wa mwaka 1944, ilikuwa na watu 18,347. Wengine wote walikuwa wapi? Walikuwa kwenye mizinga, uhandisi, mawasiliano ya simu na redio, malori, hospitali za uwanjani, karakana, polisi wa jeshi na makao makuu. Zaidi ya nusu ya divisheni haikuwa kwenye batalioni za bunduki kabisa. Shikilia hesabu hii, utaihitaji katika Hatua ya 6.

Onyo: namba za ngazi tofauti hazihusiani. Brigedi ya 26 ya Afrika Mashariki ilikuwapo, na batalioni ya 26 KAR ilikuwapo, lakini batalioni ya 26 ilikuwa ndani ya Brigedi ya 25. Watu wengi huteleza hapahapa. Kila unapoandika namba, andika na neno lake mbele. Namba tupu ni mtego.

Umefaulu ikiwa unaweza kumweleza mtoto wa darasa la saba tofauti ya brigedi na batalioni bila kutazama daftari.

## Hatua ya 2: Andika maneno ya mzee kama alivyoyasema

Kabla ya kufungua intaneti, kaa na yule anayekumbuka na uandike maneno yenyewe, bila kuyasahihisha. Wazee walikuwa na majina yao ya mahali na ya vikosi, na hayo majina hubeba tarehe ndani yake.

Akisema Uhabeshi au Mtaliana, unazungumzia vita dhidi ya Waitaliano katika Somalia na Ethiopia. Mapigano makubwa ni ya kuanzia mwanzoni mwa 1941 hadi Gondar ilipojisalimisha tarehe 27 Novemba 1941.

Akisema Bukini, hasa kama ni mtu wa pwani, ni Madagascar. Wanajeshi wa Afrika Mashariki walishuka Majunga Septemba 1942, wakaingia Tananarive, mji mkuu, tarehe 23 mwezi huohuo, na Wafaransa wa upande wa Vichy, serikali ya Ufaransa iliyoshirikiana na Wajerumani, wakakubali kusimamisha vita mwanzoni mwa Novemba.

Akisema Seloni au Silani, ni Ceylon, Sri Lanka ya leo. Huko walifanya mazoezi ya msituni kabla ya kupelekwa mbele.

Akisema Boma katika hadithi yenye Mjapani, huenda si boma la mkuu wa wilaya, ni Burma. Nimewahi kuona ukoo mzima umekaa miaka wakiamini babu "alipigania boma", wakidhani ni ugomvi wa ofisi ya DC.

Ukisikia Panyako huko Nyanza na Uluhyani, ni Pioneer Corps, kikosi cha kazi za ujenzi na uchukuzi. Huyo hakuwa Keya, na kumtafuta kwenye orodha za Keya ni kupoteza siku.

Swali zuri la kuuliza si "alikuwa kikosi gani?" Uliza: "Alisema walisafiri na nini, wakashukia wapi, mvua ilikuwaje?" Mtu aliyetembea Bonde la Kabaw, Burma, katika masika ya 1944 hasahau tope. Alikokota miguu kwenye njia iliyogeuka uji, nyumbu na magari yakizama, malaria ikiangusha watu kuliko risasi. Aliyepigana Somalia atakusimulia kiu.

Umefaulu ikiwa una angalau jina moja la mahali na makadirio ya mwaka.

## Hatua ya 3: Soma nishani na vitambaa

Weka kila kitu mezani kwenye mwanga wa dirisha. Nishani za vita hii zenye umbo la nyota zina pembe sita na rangi ya shaba. Katikati kuna taji na herufi za Mfalme George wa Sita, na maandishi yanayozunguka hukuambia ni nyota ya wapi.

*The Africa Star* kwa askari wetu mara nyingi humaanisha Somalia, Ethiopia au Eritrea. Utepe wake una rangi ya mchanga, mstari mpana mwekundu katikati, na mistari miwili myembamba: samawati nzito upande mmoja na samawati nyepesi upande wa pili.

*The Burma Star* ina utepe wa samawati nzito wenye mstari mwekundu katikati na mistari ya machungwa pembeni. Hii ilihitaji mtu afike eneo la mapambano. Kukaa Ceylon peke yake hakukutosha.

Madagascar haikuwa na nyota yake. Kwa hiyo babu wa Bukini anaweza kukuachia *The 1939–45 Star* peke yake, na hiyo haimpunguzii kitu.

Sasa geuza nishani. Mgongo mtupu? Ndivyo zilivyotoka. Waingereza hawakuchonga majina kwenye nyota za vita hii, na watu wengi huvunjika moyo hapa wakidhani babu alinunua nishani mnadani. Nchi nyingine, kama Afrika Kusini na Australia, ndizo zilizochonga majina ya watu wake.

Halafu vitambaa. Divisheni zilishona alama begani ili askari watambuane bila kuandika jina ambalo adui angelisoma. Kichwa cha kifaru ni Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki. Ukiona buibui, hiyo ni Divisheni ya 81 ya Afrika Magharibi, nayo ilipigana Burma. Basi ama babu alibadilishana na rafiki Mnaijeria, au kitambaa kimeingia sandukuni kwa njia nyingine.

Kijana mmoja wa Korogwe aliniletea sanduku la bati lenye vitu vitatu: nyota ya Burma, kitambaa kilicholiwa na mende kikabaki na pembe ya kifaru na jicho moja, na kipande cha karatasi kilichoandikwa kwa penseli "36 KAR". Hakuwa na zaidi ya hapo. Tutamtumia kama mfano kwa hatua zilizobaki, maana sanduku lake lilikuwa maskini kuliko mengi na bado lilitosha.

Umefaulu ikiwa umeandika kila kipande na ukaweka alama ya kuuliza pale usipokuwa na hakika.

## Hatua ya 4: Fumbua namba ya batalioni

Hii ndiyo hatua yenye uhondo, na ndiyo inayoharibiwa zaidi.

Kabla ya vita KAR ilikuwa na vikosi vichache vyenye namba moja moja. Cha 1 na cha 2 vilikuwa vya Nyasaland, Malawi ya leo. Cha 3 na cha 5 ni Kenya. Cha 4 ni Uganda. Cha 6 ni Tanganyika.

Vita ilipopamba moto, kila kikosi kikazaa vingine. Mwanzoni viliandikwa kwa mkwaju: 1/6, 2/6, yaani batalioni ya kwanza ya kikosi cha sita, ya pili ya kikosi cha sita. Baadaye mkwaju ukaondolewa na tarakimu zikashikana: 2/6 ikasomeka 26. Kwa hiyo usome tarakimu moja moja, usisome "ishirini na sita":

- 26, 36, 46: batalioni ya pili, ya tatu na ya nne za kikosi cha 6. Tanganyika.
- 34, 44: ya tatu na ya nne za kikosi cha 4. Uganda.
- 22: ya pili ya kikosi cha 2. Nyasaland.

Faida yake ni kwamba tarakimu ya mwisho inakupa nchi, hata kama karatasi imechanika na kubaki nusu.

Onyo: kanuni hii ina watoto watundu. Namba 13 ukiisoma kwa kanuni utasema Kenya, kwa sababu ya 3. Kumbe 13 ilikuwa ya Nyasaland. Namba 11 ilikuwa ya Kenya, na 7 ya Uganda. Namba 71 ilikuwa ya Wasomali. Hizi zikariri tu.

Onyo la pili, zito zaidi: nchi ya batalioni si kabila wala kijiji cha askari. Waruhiu Itote, ambaye Wakenya wanamjua kama Jenerali China wa Mau Mau, alikuwa mtu wa Nyeri. Alijiunga na KAR mwaka 1942, na batalioni aliyokwenda nayo Burma ilikuwa ya 36, ya Tanganyika. Mapengo yalizibwa na yeyote aliyekuwa tayari depo siku hiyo. Basi usimfute babu yako kwa sababu tu yeye ni Mluo na batalioni inasema Uganda.

Kwa kijana wetu wa Korogwe: 36 ni ya tatu ya kikosi cha sita, Tanganyika. Inaelekea vizuri.

Umefaulu ikiwa una namba ya batalioni iliyofumbuliwa na nchi yake. Kama huna namba kabisa, ruka hadi Hatua ya 7 kisha urudi hapa.

## Hatua ya 5: Funga tarehe, ndipo upande brigedi na divisheni

Chora jedwali la safu tatu: mwaka, brigedi, divisheni. Sasa jaza, ukijua kwamba divisheni zenyewe ziliundwa na kuvunjwa mara kadhaa ndani ya miaka mitatu.

Julai 1940. Nairobi ilikuwa na hofu ya Waitaliano. Brigedi mbili zikaletwa kwa meli kutoka Afrika Magharibi, ya 23 ya Nigeria na ya 24 ya Gold Coast (Ghana ya leo), zikachanganywa na brigedi za KAR. Zikatoka divisheni mbili zilizoitwa ya 1 na ya 2 za Kiafrika. Tarehe 24 Novemba 1940 zikabadilishwa majina kuwa Divisheni ya 11 ya Kiafrika na Divisheni ya 12 ya Kiafrika. Ya kwanza iliongozwa na Meja Jenerali Wetherall, ya pili na Meja Jenerali Godwin-Austen, zote chini ya Jenerali Alan Cunningham.

1941. Kismayu ikatekwa Februari, Mogadishu tarehe 25 mwezi huohuo, Addis Ababa tarehe 6 Aprili. Katika safari hiyo brigedi zilihamishwa katikati ya njia. Brigedi ya 22 ya Afrika Mashariki ilianza kampeni ndani ya Divisheni ya 12 na ikaingia Addis ikiwa ndani ya Divisheni ya 11. Babu wa Brigedi ya 22 basi ana divisheni mbili katika miezi mitatu, na zote ni sahihi. Divisheni ya 11 ya Kiafrika ikavunjwa Julai 1941. Gondar ikamalizwa na Divisheni ya 12, ikitumia brigedi za 25 na 26.

1942. Madagascar. Brigedi ya 22 ilikwenda bila divisheni ya Afrika Mashariki juu yake. Ukikosa divisheni katika mwaka huu usiibuni, andika "brigedi huru" na uendelee.

Februari 1943. Hapa inazaliwa divisheni mpya kabisa: Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki. Si ile ya mwanzo iliyofufuliwa. Jina linafanana, muundo ni mwingine, na hamna Wanaijeria ndani yake. Kamanda wake alikuwa Meja Jenerali Charles Fowkes, yuleyule aliyeongoza Brigedi ya 22 mwaka 1941, jambo linaloongeza mkanganyiko kwa wasomaji wavivu. Ilipelekwa Ceylon, kisha Burma katikati ya 1944 chini ya Jeshi la 14 la Jenerali Slim.

Muundo wake wa miguu ilipokuwa Burma ni huu. Unakili mzima:

- Brigedi ya 21: batalioni ya 2 (Nyasaland), ya 4 (Uganda), na ya 1 ya Northern Rhodesia Regiment (Zambia ya leo).
- Brigedi ya 25: ya 11 (Kenya), ya 26 (Tanganyika), ya 34 (Uganda).
- Brigedi ya 26: ya 22 (Nyasaland), ya 36 (Tanganyika), ya 44 (Uganda).

Tazama jinsi kila brigedi ilivyokusanya nchi tatu tofauti. Ndiyo maana Kiswahili kilikuwa lugha ya kazi. Koplo wa Mbeya angemwamrishaje Myao, Mwacholi na Mkamba kwa lugha nyingine?

Divisheni hii iliteka Tamu Agosti 1944 na kushuka Bonde la Kabaw. Katikati ya Novemba ikakutana na Wahindi wa Divisheni ya 5 huko Kalemyo, ikaingia Kalewa mwanzoni mwa Desemba, na ikashika ng'ambo ya mto Chindwin. Mwezi huohuo ikaondolewa mbele kupumzishwa India.

Onyo: si kila Mwafrika Mashariki wa Burma alikuwa kwenye divisheni hii. Brigedi ya 28, yenye batalioni ya 7 (Uganda), ya 46 (Tanganyika) na ya 71 (Somaliland), ilikuwa huru na ilipigana upande wa mto Irrawaddy mwanzoni mwa 1945. Brigedi ya 22 nayo ilikuwa huru, pwani ya Arakan. Hadithi ya babu ikiwa na bahari na mikoko, usilazimishe Kabaw.

Kwa mfano wetu: 36 KAR, nyota ya Burma, kitambaa cha kifaru. Brigedi ya 26, Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, Kabaw, 1944. Vitu vitatu vinakubaliana. Viwili tu vingekubaliana na kimoja kikapinga, ningesimama na kurudi Hatua ya 2.

Umefaulu ikiwa kila mstari wa jedwali una mwaka. Mstari usio na mwaka ufute.

## Hatua ya 6: Kama hakuwa askari wa bunduki

Rudi kwenye ile hesabu ya 18,347. Kama batalioni haipatikani, si lazima karatasi zimepotea. Pengine unatafuta mlango usio wake. Familia husema "Keya" kwa kila aliyevaa kaki.

Dereva, mpishi na mpagazi wa jeshi mara nyingi walikuwa East African Army Service Corps. Fundi wa madaraja alikuwa East African Engineers. Mtu wa mizinga alikuwa East African Artillery. Kulikuwa pia na East African Military Labour Service kwa kazi za mikono, na wale wa Panyako, ambao wengi walipelekwa Mashariki ya Kati.

Kosa la kuwasahau hawa ni kubwa. Tarehe 12 Februari 1944 meli *Khedive Ismail*, iliyotoka Mombasa kuelekea Colombo, ilipigwa torpedo na nyambizi ya Kijapani karibu na Maldives. Ilizama kwa dakika chache na watu 1,297 wakafa. Sehemu kubwa yao walikuwa wa Kikosi cha 301 cha Mizinga cha Afrika Mashariki. Kuna familia zimemtafuta mtu kwenye makaburi ya Burma kwa miaka, na yeye hakuwahi kufika Burma. Kama mzee wako "alikwenda Burma hakurudi" na hakuna barua yake ya baada ya Januari 1944, anza na meli hii.

Umefaulu ikiwa umeweza kusema kazi aliyoifanya, hata kama namba ya kikosi bado.

## Hatua ya 7: Thibitisha

Kama babu alifia vitani, nenda kwenye tovuti ya Commonwealth War Graves Commission. Ni bure. Inahusu waliokufa kati ya 3 Septemba 1939 na 31 Desemba 1947.

Kabla ya kumtafuta babu, jizoeze na jina linalojulikana: Leakey, KAR, 1941. Atatokea Sajini Nigel Gray Leakey wa 1/6 KAR, aliyetunukiwa Victoria Cross, nishani ya juu kabisa ya ushujaa ya Waingereza, kwa alichofanya Colito, Ethiopia, tarehe 19 Mei 1941. Angalia ukurasa wake unavyoonyesha kikosi, tarehe na mahali pa kumbukumbu. Jina lake liko kwenye East Africa Memorial, ndani ya Makaburi ya Vita ya Nairobi, ambako wapo wasio na kaburi linalojulikana, wakiwemo wa *Khedive Ismail*.

Sasa mtafute babu, na uwe mjanja wa tahajia. Karani Mwingereza aliandika alichosikia. Rashidi akawa Lashidi, Mwakyusa akawa chochote. Askari wengi wameandikwa jina moja tu. Jaribu kutafuta kwa kikosi na mwaka bila jina, halafu shuka na orodha kwa macho. Inachosha, lakini ndiyo njia iliyowapata wengi.

Onyo: aliyerudi nyumbani salama hayumo humo, na kutokumo si ushahidi kwamba hakupigana.

Kwa aliyerudi, kinachofaa ni shajara za vita: daftari ambalo kila batalioni na brigedi iliandika kila siku. Ziko katika National Archives ya Uingereza, Kew, London. Burma ziko kwenye fungu la WO 172. Za 1940–41 zianzie WO 169, na za Madagascar ni WO 174. Kwenye katalogi yao ya intaneti andika fungu, namba ya batalioni na mwaka.

Usitegemee kumkuta babu kwa jina. Shajara hutaja maofisa, na maofisa walikuwa wazungu. Askari wanatajwa kwa idadi: waliouawa wangapi, waliojeruhiwa wangapi, kombania gani. Ndiyo maana nilikwambia usiidharau herufi ya kombania. Ukiwa na "36 KAR, kombania ya B", unaweza kufuata kombania hiyo siku kwa siku na kujua babu alilala wapi usiku wa tarehe fulani, ijapokuwa hakuna aliyeandika jina lake.

Na uwe tayari kwa jibu usilolitaka. Idi Amin aliacha watu waamini alipigana Burma, ilhali kumbukumbu zinaonyesha aliingia KAR mwaka 1946, vita imekwisha. Hakuwa peke yake. Wapo wazee walioazima Burma ya kaka zao, na tarehe ya kuandikishwa ndiyo inayowaumbua. Ukigundua hivyo, mwambie bibi polepole, au usimwambie.

Umefaulu ikiwa vyanzo viwili visivyojuana vinasema jambo moja.

Mwishoni chukua ile picha ya kofia iliyokunjwa. Igeuze, na kwa penseli laini, pembeni, bila kukandamiza, andika ulichothibitisha. Kijana wa Korogwe aliandika: *36 KAR, Brigedi ya 26, Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki. Kabaw, 1944. Kombania: ____.* Ile nafasi bado iko wazi. Shangazi yake yuko Lushoto, ana miaka tisini na kidogo, na anakwenda kumuuliza baada ya mavuno.